Mchuuzi Muungwana Akifika Gatsata

Ukitoka stendi ya Nyabugogo na kushika barabara ya kaskazini iendayo Gatuna, mpakani mwa Rwanda na Uganda, Gatsata inakupokea kwa kelele. Nyundo zinagonga bodi za magari, mashine za kuchomelea zinarusha cheche, na kando ya barabara milango, taa, rejeta na injini nzima nzima zimepangwa zikimsubiri mnunuzi. Kiserikali hii ni moja ya sekta za wilaya ya Gasabo, jijini Kigali. Kwa wenye magari ni mahali unapokimbilia gari likigoma.

Ni mahali pa lugha nyingi pia. Fundi anazungumza na mteja kwa Kinyarwanda. Anamwita mwenzake aliyetoka Goma au Bukavu kwa Kiswahili cha huko. Anabishana bei ya spea na mfanyabiashara wa Kampala kwa Kiganda kidogo na Kiingereza cha kubahatisha. Na kifaa alichoshika mkononi kina jina lililotoka Ufaransa likapinda njiani: amburayaji, buji, karibiratere. Hakuna anayeona ajabu. Lugha hapa ni spana: unachukua inayoingia kwenye nati.

Ndiyo maana mtu anayeongea ili aonekane, badala ya kuongea ili aeleweke, anatambulika Gatsata upesi kuliko pengine popote mjini. Anafika na gari, simu sikioni, sauti juu. Anaulizwa kwa Kinyarwanda gari lina tatizo gani, anajibu kwa Kiingereza. Fundi akirudia swali kwa upole, yeye anarudia Kiingereza kwa kubana pua zaidi. Mafundi hawamcheki mbele yake. Wanamjibu kwa heshima zote, “Ndiyo, bosi,” na bei ya kazi inapanda. Akishaondoka ndipo mwanafunzi wa gereji, kijana ambaye kazi yake ni kuosha vyuma kwa petroli, anasimama katikati ya uwanja na kumwigiza: simu, shingo, pua, mwendo. Watu wanacheka hadi wanaweka chini vyombo.

Igizo hilo la dakika mbili ni sanaa yenye ukoo mrefu. Wafaransa wa karne ya 17 waliifikisha kileleni, Waafrika wa karne ya 20 wakaigeuza silaha dhidi ya ukoloni, na leo runinga na simu zetu zimejaa vipande vyake. Lakini naamini kwamba Afrika Mashariki tumeitumia vibaya mara nyingi. Tumemcheka anayekosea matamshi, tukamwacha anayetumia matamshi mazuri kuwakanyaga wenzake. Kijana wa gereji hafanyi kosa hilo. Kicheko chake kinatoka chini kwenda juu, na huko juu ndiko kinakostahili kwenda.

Jean-Baptiste Poquelin, aliyejipa jina la jukwaani la Molière, alizaliwa Paris mwaka 1622. Baba yake alikuwa mfanyabiashara wa mapazia na samani, tena mwenye cheo cha kuhudumia nyumba ya mfalme. Mtoto angeweza kurithi cheo hicho. Akachagua uigizaji, kazi ambayo wakati ule kanisa liliilaani. Nalisema hili mapema kwa sababu mtu huyu, aliyewacheka kuliko wote wafanyabiashara waliotaka kuwa mabwana wakubwa, alikuwa mtoto wa duka. Alijua bei ya kitambaa, na alijua jinsi wateja wa tabaka la juu wanavyomtazama anayepima kitambaa hicho.

Tarehe 18 Novemba 1659 kundi lake lilionyesha tamthilia fupi iliyoitwa Les Précieuses ridicules. Wasichana wawili, Magdelon na Cathos, wametoka mkoani na kuingia Paris wakiwa wamesoma riwaya nyingi za mapenzi. Wanayakataa majina yao na kujipa ya kishairi. Hawawezi kutaja kiti au kioo kwa jina lake. Kila kitu lazima kizungushiwe maneno mpaka mtumishi asijue ameagizwa nini. Wanawakataa wachumba wawili kwa sababu wameanza moja kwa moja na habari ya ndoa bila kupitia hatua zote za uchumba wa kitabuni. Wachumba wanalipa kisasi: wanawatuma watumishi wao, Mascarille na Jodelet, wamevaa kama mabwana wakubwa. Wasichana wanalewa kwa maneno yao. Mwishoni wenye watumishi wanaingia, wanawavua nguo walizowaazima, na aibu inawashukia wasichana.

Paris ilicheka sana, na tamthilia ile ikamfanya Molière ajulikane. Mimi naiona ina dosari, na dosari yenyewe inatufundisha kitu. Wanawake waliokuwa wakikutana katika kumbi za Paris kuzungumzia lugha na vitabu walikuwa na jambo zito mkononi: walitaka kuandika, kuhukumu maandishi, kuwa na kauli kuhusu nani awaoe. Molière mwenyewe aliona hatari hiyo, akaandika katika dibaji kwamba anawacheka waigaji tu, si wenye jambo lao. Hata hivyo waliofedheheshwa jukwaani ni wasichana wawili wa mkoani waliothubutu kukataa wachumba. Kicheko kimeshuka chini.

Miaka 11 baadaye aliisahihisha dosari hiyo. Le Bourgeois gentilhomme ilionyeshwa mara ya kwanza tarehe 14 Oktoba 1670 katika kasri la Chambord, mbele ya Mfalme Louis wa 14, muziki ukiwa wa mtunzi Lully. Molière mwenyewe alicheza nafasi ya Monsieur Jourdain. Wasomaji wa Kiswahili walimpata mtu huyu kwa tafsiri ya A. Morrison, Mchuuzi Mwungwana, na laiti kitabu hicho kingerudi madukani. Jourdain amerithi mali ya baba aliyeuza vitambaa. Sasa anataka kuwa muungwana. Ameajiri mwalimu wa muziki, wa dansi, wa upanga, wa falsafa, na fundi cherehani anayemshonea mavazi ya kuchekesha kwa bei ya kuliza. Mwalimu wa falsafa, baada ya mwanafunzi kuzikataa elimu nyingine alizompendekezea, anamfundisha irabu: mdomo ufunguke namna gani ili itoke A, midomo iviringwe vipi ili itoke O. Jourdain anafurahi kupindukia. Anaambiwa pia kwamba maneno yasiyo shairi huitwa nathari, naye anashangaa kuwa amekuwa akisema nathari maisha yake yote bila kujua.

Hapo ndipo pana ubora wa tamthilia hii. Jourdain ana furaha ya kweli ya kujifunza. Mtu aliyenyimwa elimu utotoni, akifunguliwa mlango hata wa irabu, anasisimka, na mtazamaji mwenye moyo hawezi kumchukia. Anayestahili hasira ni anayemlipisha. Walimu wanamdharau na kuchukua fedha yake. Dorante, kabaila wa kweli mwenye ulimi wa asali, anamkopa tena na tena, anamwambia kuwa amemtaja mbele ya mfalme, na kwa fedha hiyo hiyo anamtongozea mwanamke anayemtaka yeye mwenyewe. Maneno mazuri kuliko yote katika tamthilia hiyo yanatoka kinywani mwa mwizi.

Na katika nyumba hiyo kuna watu wawili wanaosema wazi. Mke, Madame Jourdain, anajua babu zake walikuwa nani na haoni haya. Mtumishi wa ndani, Nicole, anapomwona bwana wake katika mavazi mapya anashikwa na kicheko kisichokatika, hata anapotishiwa kupigwa. Nicole ndiye kijana wetu wa gereji.

Rwanda ina sababu zake za kuielewa tamthilia hiyo, kwa maana lugha ya kupandia daraja imebadilika hapa mara kadhaa katika muda usiozidi miaka 120.

Ya kwanza ilikuwa Kiswahili. Wajerumani walitawala kwa lugha hiyo. Askari, makarani na wafanyabiashara waliokuja nao waliizungumza, na Richard Kandt alipoanzisha makao yake Kigali mwaka 1907, Kiswahili kilikuwa ndiyo lugha ya ofisi na ya soko. Mwami Yuhi Musinga, aliyetawala tangu 1896 hadi Wabelgiji walipomwondoa mwaka 1931, alijifunza kukisoma na kukiandika. Katika baraza lake la Nyanza, mtoto wa mkubwa aliyejua Kiswahili alikuwa karibu na mamlaka mapya kuliko baba yake.

Wabelgiji walipoingia mwaka 1916, ngazi ikageuzwa. Wamisionari walikiona Kiswahili kuwa lugha ya Uislamu, na serikali ikawatenga wasemaji wake, wengi wao Waislamu, madereva na wachuuzi, katika makazi yao pale Biryogo yaliyoitwa kambi ya Waswahili. Kifaransa kikapanda. Watoto wa machifu walipelekwa kwenye shule ya Astrida, mji unaoitwa Huye leo, iliyoanzishwa mwaka 1929, wakatoka huko wakiwa makarani, matabibu na watawala wasaidizi. Mwami aliyesoma Kiswahili kwa bidii alikuwa amesoma lugha ambayo mjukuu wake angeambiwa ni ya wahuni.

Jirani, katika Kongo ya Wabelgiji, mambo yalifika mbali zaidi. Mwaka 1948 serikali ilianzisha kadi ya sifa za kiraia kwa Waafrika “walioendelea”, na mwaka 1952 ikaongeza daraja la juu zaidi la kusajiliwa kama mstaarabu. Ili kulipata, mtu alihojiwa, na wakaguzi waliweza kufika nyumbani kwake kutazama jinsi familia inavyoishi, inavyokula, inavyozungumza. Waliofaulu walikuwa wachache mno. Gazeti la tabaka hilo, La Voix du Congolais, lilitoka kuanzia 1945 hadi 1959, na ukilisoma leo unakuta Kifaransa kilichopigwa pasi mpaka kinang’aa. Ni rahisi kucheka. Lakini fikiria mtu ambaye mshahara wake, ruhusa yake ya kutembea usiku na heshima ya watoto wake vinategemea namna anavyoshika uma na anavyotamka herufi R. Kujikweza kwake kuliagizwa na sheria. Anayestahili kuchekwa ni yule aliyetunga mtihani.

Baada ya mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi ya mwaka 1994, maelfu kwa maelfu ya Wanyarwanda waliokulia uhamishoni walirudi: wa Uganda na Kiingereza chao, wa Burundi na Kifaransa, wa Tanzania na Kiswahili, wa Kongo na Kiswahili na Kifaransa pamoja. Oktoba 2008 serikali iliamua kwamba Kiingereza kiwe lugha ya kufundishia. Walimu waliosomeshwa kwa Kifaransa na kufundisha kwa Kifaransa walitakiwa kusimama darasani na lugha ambayo wengi wao hawakuwa wameisoma. Mwaka 2009 Rwanda ikaingia Jumuiya ya Madola. Februari 2017 Bunge likapitisha sheria ya kukifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi, karibu miaka 10 baada ya nchi kuingia Jumuiya ya Afrika Mashariki. Na mwaka 2018 Louise Mushikiwabo, aliyekuwa Waziri wa Mambo ya Nje, akachaguliwa kuongoza jumuiya ya nchi zisemazo Kifaransa, na Kifaransa kikaanza tena kutafutiwa walimu.

Mzee mmoja anaweza kuwa ameyaona mengi ya hayo. Kifaransa alichokipata kwa viboko kilimpa kazi, kisha kikamfanya aonekane wa zamani. Kiswahili alichokatazwa na baba yake sasa kinasomwa na mjukuu wake shuleni. Kwa mtu wa namna hiyo, kuchomeka neno la Kiingereza katika mazungumzo si lazima iwe maringo. Mara nyingi ni woga wa kuachwa nyuma. Mwandishi wa vichekesho asiyetofautisha woga na maringo ataumiza watu wasiostahili, na tofauti yenyewe haiko katika matamshi: mwenye woga anaazima neno ili aingie ndani, mwenye maringo analitumia neno hilo hilo kumfungia mwenzake nje.

Wanyarwanda wenyewe walikuwa na dawa yao ya maneno makubwa, bila kumsubiri Molière. Ushairi wa baraza la mwami ulikuwa na fahari yake: mashairi ya kuwasifu wafalme, ya kujisifu kwa ushujaa vitani, ya kuwasifu ng’ombe kwa majina marefu ya kupendeza. Padri Alexis Kagame, aliyezaliwa 1912 na kufariki 1981, msomi aliyeukusanya ushairi huo na kuuhifadhi kuliko mtu yeyote, alichapisha Kabgayi mwaka 1949 utenzi wake uitwao Indyohesha-birayi. Alichukua lugha ile ya juu kabisa, lugha anayostahili ng’ombe wa mwami, akamsifu nayo nguruwe, mnyama ambaye mila haikumpa heshima yoyote. Naona kazi hiyo ni kilele cha satira katika eneo letu. Kagame aliipenda lugha ya baraza; alikuwa ametumia miaka mingi kuiokoa isipotee. Kwa hiyo alijua hasa inapogeuka kuwa vazi tupu. Anayeicheka fahari ya maneno ni sharti awe anaimudu, la sivyo ni wivu tu.

Afrika ya Magharibi ilikuwa imeanza mapema. Kobina Sekyi wa Cape Coast, katika nchi inayoitwa Ghana leo, aliandika The Blinkards mwaka 1915, kwa Kiingereza na Kifante, akimsema mwanamke aliyerudi kutoka Uingereza na kutaka kila mtu aishi kama Mwingereza. Kwetu kazi iliyofika mbali zaidi ni ya Okot p’Bitek wa Gulu, Song of Lawino, ya mwaka 1966, ambayo Paul Sozigwa aliitia katika Kiswahili kwa jina la Wimbo wa Lawino. Hiyo si tamthilia, lakini ina sauti ya jukwaani. Lawino, mke asiyesoma, anamtazama mumewe Ocol aliyesoma, na yule mwanamke wa mjini Clementine, na anaeleza anachokiona bila kumung’unya maneno. Nguvu yake ni ile ile ya Nicole: anayezungumza hana cheo, ila ana macho. Okot alimpa Ocol nafasi ya kujibu katika utenzi wa pili uliotoka 1970, na jibu lenyewe linamwonyesha msomi aliyejaa hasira dhidi ya kila kitu kilichomzaa. Tangu hapo hakuna mwandishi wa Afrika Mashariki anayeweza kusema hakujua jinsi kazi hii inavyofanywa.

Lakini vichekesho vyetu vya redio na runinga vilifuata njia nyingine. Kenya ilikuwa na Vitimbi, na ndani yake Mzee Ojwang, aliyechezwa na Benson Wanjau, aliyefariki mwaka 2015. Wanjau, ambaye hakuwa Mjaluo, aliongea Kiswahili chenye lafudhi nzito ya Kijaluo, na nchi nzima ilimpenda. Nimemfikiria sana mhusika huyu. Kilichomwokoa ni kwamba Ojwang hakuona haya hata kidogo. Lafudhi ilikuwa yake kama kofia yake, na mara nyingi yeye ndiye aliyekuwa mjanja kuliko wenye Kiswahili laini. Walioiga baada yake walichukua lafudhi wakaacha utu. Leo ukifungua simu utakutana na wachekeshaji wasiohesabika, Nairobi, Dar es Salaam, Kampala na Kigali, ambao kazi yao yote ni mtu wa shamba anayechanganya R na L. Hicho si kichekesho juu ya kujikweza. Ni kujikweza kwenyewe. Anayecheka anathibitisha kwamba yeye ameshavuka, na mwenzake bado.

Rwanda ina wasanii wanaojua zaidi ya hapo. Wasikilizaji wa hapa walilelewa na ikinamico, michezo ya kuigiza ya redio, na katika miaka ya karibuni Niyitegeka Gratien amewapa Seburikoko kwenye runinga ya taifa, kisha Papa Sava kwenye YouTube. Anaongea Kinyarwanda cha watu, chenye methali na ukali wake, na anayechekwa anachekwa kwa tamaa yake, uvivu wake, uongo wake. Lafudhi haihusiki.

Na nchi hii, kuliko nyingine yoyote katika eneo letu, ina haki ya kuuliza kicheko kinamlenga nani. Redio ya RTLM, iliyoanza kurusha matangazo mwaka 1993, haikuvuta wasikilizaji kwa hotuba. Iliwavuta kwa mizaha, muziki na lugha ya mtaani. Mtangazaji wake aliyependwa kuliko wote, Kantano Habimana, alikuwa mcheshi. Watu walicheka kwanza. Kisha mizaha hiyo ikawa orodha za watu wa kuuawa. Kwa hiyo ninaposema kicheko kisishuke juu ya mnyonge, nazungumzia jambo ambalo Wanyarwanda wamelizika.

Sasa tumlete Jourdain Gatsata.

Alianza akiwa kijana wa kuosha vyuma. Leo ana duka la spea Karuruma, hapa hapa Gatsata, magari mawili, na nyumba Nyarutarama, kwa majirani ambao hawajawahi kuingiza mikono kwenye oili. Amechoka kuitwa umukanishi, yaani fundi wa magari. Anaajiri mwalimu wa Kiingereza. Badala ya upanga anajifunza gofu, kwa kuwa uwanja uko hapo hapo Nyarutarama. Yuko mtu wa kumchagulia suti, na yuko mwingine wa kumfundisha kusimama mbele ya watu na kuongea kama kwenye mikutano ya kimataifa. Mkewe bado anauza sokoni Nyabugogo na hana mpango wa kuacha.

Somo la irabu litageuka kuwa somo la R na L, sauti mbili ambazo Kinyarwanda hakizitenganishi kama Kiingereza kinavyotaka. Hapa mwandishi awe mwangalifu, kwa sababu hapa ndipo wengi wataanguka. Asimwache mtazamaji amcheke mchuuzi kwa ulimi aliozaliwa nao. Amfanye mwalimu kuwa kichekesho: mtu anayedai kulipwa kwa saa ili kusahihisha herufi moja, naye mwenyewe hawezi kutaja jina la kifaa hata kimoja katika gari analoliendesha. Na ule ugunduzi wa nathari unapatikana bure. Siku mchuuzi atakapoambiwa kwamba amburayaji na buji ni maneno ya Kifaransa, atashika kichwa: miaka 30 gerejini, na kumbe muda wote alikuwa akisema Kifaransa! Furaha hiyo iachwe iwe ya kweli.

Dorante naye hatatafutwa mbali. Ni komisiyoneri, dalali wa magari na viwanja, mwenye Kiingereza kwa vijana, Kifaransa kwa wazee, na jina la mkubwa fulani ambaye daima amezungumza naye asubuhi hiyo. Hana gari, hana kiwanja. Anaishi kwa ulimi. Wahenga walisema kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza, na huyu anatembeza hadi jioni. Atakopa kwa mchuuzi fedha ya kumpeleka kwenye watu wakubwa, na mchuuzi atalipa, kwa sababu hakuna aliyewahi kuongea naye kwa adabu namna ile.

Molière alifunga kwa sherehe ya Kituruki ya uongo. Mjumbe wa Sultani, Suleiman Aga, alikuwa amefika kwa mfalme mwaka 1669, na mfalme akataka Waturuki jukwaani. Kwa hiyo Jourdain anavishwa kilemba, anasomewa maneno yasiyo na maana, na kupewa cheo kisichokuwapo. Gatsata haihitaji Waturuki. Afrika Mashariki tunazo sherehe za udaktari wa heshima kutoka vyuo ambavyo hakuna aliyewahi kuona lango lake, joho likiwa limekodiwa, cheti kikiwa kimelipiwa. Mchuuzi atavalishwa joho ukumbini, wakuu wa chuo hicho wakisema lugha ambayo hata wao hawaijui, na kuanzia hapo atataka aitwe Daktari.

Jourdain wa asili haponi. Pazia linaanguka akiwa bado anaamini cheo chake, na kila mtu aliyemzunguka amepata alichotaka kwa kumwacha aamini. Nadhani mwisho huo ni wa haki. Yeye hakumwibia mtu, aliibiwa. Nicole amecheka, mke amesema kweli, dalali amejulikana na watazamaji, na hiyo inatosha kwa jioni moja.

Tamthilia hii inapaswa kuandikwa. Mwandishi wa Kigali anayekimudu Kinyarwanda cha ndani na Kiswahili cha gereji ndiye anayefaa, na namwomba asianzie maktaba. Aende Karuruma, aombe benchi karibu na wanaobadilisha injini, akae hapo wiki kadhaa bila kuandika, asikilize namna wanavyoongea na mteja, na namna wanavyoongea mteja akishaondoka. Kisha akimaliza, onyesho la kwanza lifanyike pale pale, jioni kazi ikisimama, kabla halijapelekwa kwenye ukumbi wowote wenye viti vya kulipia. Ikiwa yule kijana wa kuosha vyuma hatacheka, irudiwe kuandikwa.